Kabla hujanunua printa ya picha, ipime kwa kanzu na buibui

Kila msimu wa harusi unapokaribia, swali ninaloulizwa zaidi na jamaa na majirani hapa Mombasa ni moja: je, kuna maana ya kununua printa ya kutoa picha nyumbani? Wengi wanaouliza ni akina mama, na kinachowasukuma si bei. Nitaanza na sababu yao, maana bila hiyo mtu aweza kudhani hii ni habari ya vyombo vya anasa.

Harusi zetu, msomaji anajua, zina upande wa wanaume na upande wa wanawake. Usiku wa kupamba mlango hufungwa. Bi harusi yuko wazi, hina imepanda hadi viwikoni, nywele na vikuba vya asumini vinaonekana, na waalikwa wamevua mabuibui. Mpiga picha ni mwanamke, na siku hizi ziko nyumba ambazo simu za waalikwa hukusanywa mlangoni. Halafu wiki moja baadaye kadi ya kamera, au flashi, inapelekwa dukani ikatolewe picha. Kijana asiyejulikana anaifungua kwenye kompyuta ambayo kioo chake kinatazama barabara, anazipitisha picha mia mbili moja moja huku wateja wengine wakingoja nyuma yake, na akimaliza, faili zinabaki mlemle kwenye kompyuta. Ulinzi wote wa ule mlango umeishia kaunta.

Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inaihesabu picha inayomtambulisha mtu kuwa ni taarifa yake binafsi, na anayeishughulikia ana wajibu. Ni sheria nzuri. Lakini picha ikishatembea, sheria haiwezi kuirudisha, na mwenye kuumia ni mwanamke na watu wa nyumbani kwake. Zamani za filamu wasiwasi huu ulikuwapo pia, ila ulikuwa na mpaka. Mombasa ikijua studio ya N. V. Parekh, Lamu ikijua ya Omar Said Bakor. Picha ilikuwa na mtu mmoja anayeulizwa, na hasi zake ukizichukua kwenye bahasha unajua zimeondoka. Faili haliondoki hivyo. Linaigwa.

Khalati yangu mmoja alinieleza kwa ufupi kuliko nilivyoandika mimi hapa: "Mwanangu, sitaki picha ya kushindana na ya gazeti. Nataka picha isiyopita machoni mwa watu."

Hoja yake inakubalika, lakini kuna sharti. Picha yenyewe iwe inafaa kuwekwa kwenye albamu. Ikitoka na uso wa kijani, au ikififia kabla mtoto wa ile harusi hajaanza chekechea, mama atarudi kaunta ileile. Kwa hivyo tuipime printa kama chombo cha picha, tusiipime kama chombo cha barua na fomu za shule. Hizo ni kazi mbili tofauti, na muuzaji mara nyingi hazitofautishi.

Kwanza tuziondoe printa za tona. Ni hodari kwa maandishi, lakini picha zake za rangi kwenye karatasi ya kung'aa hazina ulaini, na karatasi nyingi za picha hazikutengenezwa kupita kwenye ule moto. Tunabaki na printa za wino, zile zinazonyunyiza matone madogo mno kutoka kwenye vitundu vya kichwa ambacho mafundi hukiita hedi. Udogo wa tone ndio unaofanya ngozi ionekane laini badala ya kuwa na vidoti. Kwa mfano, printa ya matangi ya Epson L805, iliyotengenezwa kwa ajili ya picha, ina tone dogo kabisa la pikolita 1.5. Piga hesabu: mililita moja ya wino inatoa matone ya ukubwa huo zaidi ya milioni 600.

Tone hutolewa kwa njia mbili. Canon na HP hutumia joto: kinyuzi ndani ya kitundu kinapashwa ghafla, wino unachemka, povu linalisukuma tone nje. Epson hutumia kipande kinachojikunja kikipitishiwa umeme, kikaminya wino bila kuuchemsha. Kwa macho, njia zote mbili zaweza kutoa picha nzuri sana. Tofauti utaiona siku ya ubovu. Printa nyingi za nyumbani za njia ya joto hedi yake inachopoka, unaweza kununua nyingine ukabadilisha mwenyewe. Ile ya kuminya kwa kawaida imefungwa ndani ya mashine, na ikifa kabisa, gharama yake humfanya mtu ajiulize kama anunue printa mpya. Kwa mji wetu wa joto na chumvi hili si jambo dogo; nitalirudia.

Matangi nayo yana hadithi yake. Kabla hayajaja, mafundi walikuwa wakitoboa katriji na kuunganisha vimipira kutoka kwenye vichupa vya nje, kwa sababu katriji ilikuwa ghali kuliko uvumilivu wa watu. Epson ikaanza kuuza printa za matangi ya kiwandani nchini Indonesia mwaka 2010, na kampuni nyingine zikafuata. Kwa anayetoa picha, tangi ndilo la kununua. Katriji ndogo humalizwa na picha chache za kujaa karatasi, kwa kuwa picha haina mahali peupe pa kupumzika kama barua.

Sasa wino. Hapa ndipo wengi huuziwa kitu kingine. Printa nyingi za matangi zilizopo madukani ni za rangi nne: samawati, waridi iliyoiva, manjano na nyeusi. Printa iliyokusudiwa picha huongeza samawati hafifu na waridi hafifu, zikawa sita. Hizo mbili hafifu ndizo zinazobeba ngozi nyepesi, mbingu, na kivuli kwenye nguo nyeupe. Bila hizo mashine inalazimika kutawanya vidoti vya wino mzito mbalimbali ili kuigiza rangi hafifu, na ukisogeza jicho unaviona. Simaanishi rangi nne ni takataka. Kwa picha ya ukubwa wa posta, inayotazamwa mkononi, rangi nne zenye tone dogo zinatosha watu wengi. Ila ukitaka kutoa A4 ya kutundika ukutani, tafuta sita.

Uliza pia nyeusi yake ni ya namna gani. Kuna wino ulioyeyuka kabisa, kama sukari kwenye chai, na kuna wino wa chembe, kama kahawa ambayo machicha yake bado yanaelea. Ulioyeyuka hung'aa na huingia vizuri kwenye karatasi ya picha. Wa chembe huvumilia maji na mwanga zaidi. Ziko printa za matangi zenye nyeusi ya chembe kwa ajili ya maandishi na rangi tatu zilizoyeyuka. Kwenye karatasi ya kung'aa, ile nyeusi ya chembe haishiki vizuri, kwa hivyo mashine huiacha kando na kutengeneza weusi kwa kuchanganya zile tatu. Weusi huo huelekea kahawia au kijivu. Kwa nchi nyingine hilo ni la kupuuzwa. Kwetu sisi, ambako nusu ya picha ni mabuibui, halipuuziki.

Na ndiyo maana nasema printa ipimwe kwa nguo zetu. Wapimaji wa ng'ambo wana picha zao za majaribio, na ni nzuri, lakini za kwetu zina ugumu wake. Mimi hutumia faili moja la A4 nililolipanga lenye vipande vitano, na printa yoyote ninayoombwa ushauri juu yake huipitisha hapo.

Kipande cha kwanza ni kanzu nyeupe mbele ya ukuta wa chokaa. Weupe juu ya weupe. Printa nzuri itakuonyesha mkunjo wa kanzu, darizi ya shingoni na kitambi chake, na mwisho wa bega kabla ukuta haujaanza. Printa dhaifu itakupa kichwa na kofia vikielea hewani. Hapa pia ndipo unapogundua kama mashine inaegemea rangi fulani: kanzu ikiwa na wekundu au ubuluu ambao haukuwapo, hata uso umepakwa vilevile, ila uso unaficha.

Cha pili ni buibui la kitambaa laini lenye nakshi nyeusi juu ya weusi, mwenye kulivaa amesimama kivulini. Tazama kama nakshi inaonekana au yote imekuwa shimo moja. Kisha igeuze karatasi upande upande chini ya taa uone kama weusi unang'aa shaba au kijani.

Cha tatu ni nyuso nne za watu wa nyumba moja, wenye ngozi tofauti, kama zilivyo familia zetu: mmoja maji ya kunde, mmoja mweusi sana, mmoja mweupe wa Kibarawa, na bibi mwenye makunyanzi. Wote wapigwe picha mahali pamoja. Printa isiyopangwa vizuri humpendelea mmoja na kumdhulumu mwingine. Mweusi hupoteza umbo la shavu, mweupe hugeuka nyanya. Hiki ndicho kipande ninachokipa uzito mkubwa kuliko vyote, kwa sababu hakuna atakayenunua printa hii ili kutoa picha za matunda.

Cha nne ni leso. Nyekundu kali, rangi ya chungwa, na maandishi ya jina lake. Usitarajie ule wekundu wa Biashara Street utoke kama ulivyo. Kuna rangi ambazo wino hauwezi kuzifikia, na kioo cha simu kinaweza. Ninachotazama ni kama vidoti na mistari ya pindo bado vimetengana, au wekundu umemwagika ukafanya dimbwi.

Cha mwisho ni mbingu ya asubuhi juu ya bahari, bila wingu. Mbingu haina pa kujificha. Mistari ya kupita, vidoti, na vitundu vilivyoziba vyote hujitokeza hapo.

Picha ikitoka, usiihukumu papo hapo. Wino ulioyeyuka hutulia kadiri unavyokauka, na rangi husogea kidogo. Mimi huiacha hadi kesho yake, kisha naitazama mlangoni kwenye mwanga wa jua usio wa moja kwa moja, halafu usiku chini ya taa ya sebuleni, kwa kuwa picha moja yaweza kuonekana sawa kwenye mwanga mmoja na kuharibika kwenye mwingine. Albamu zetu hufunguliwa usiku zaidi kuliko mchana.

Lalamiko la kawaida ni kwamba picha imetoka nyeusi kuliko ilivyo kwenye simu. Mara nyingi printa haina kosa. Kioo cha simu kinatoa mwanga, karatasi inaurudisha tu ule unaoiangukia. Punguza mwanga wa kioo hadi karibu nusu, kisha itazame picha tena kabla ya kuichapa. Ukiiona giza, iongezee mwanga wakati huo.

Na chanzo cha picha kisije kikasahauliwa. Picha ya posta, ile ya inchi 4 kwa 6, inataka kama pikseli 1,200 kwa 1,800 ili itoke kali. A4 inataka kama 2,480 kwa 3,508. Picha iliyotumwa kwa WhatsApp kwa njia ya kawaida hupunguzwa, mara nyingi upande wake mrefu ukabaki pikseli 1,600 hivi. Kwa posta inakubalika, kwa A4 itaonekana imekosa makali, na watu watailaumu mashine. Mwambie aliyekupigia akutumie kama waraka, au achague ubora wa HD ulioongezwa mwaka 2023. Bora zaidi achukue waya.

Kuna la vipimo vya pande pia. Simu nyingi hupiga picha ya 4 kwa 3, ilhali karatasi ya posta ni 3 kwa 2. Ukijaza karatasi yote, sehemu moja kwa tisa ya picha itakatwa. Katika picha ya pamoja iliyolala, hao wanaokatwa ni kofia za wazee waliosimama nyuma au miguu ya watoto walioketi mkekani. Tena uchapaji usio na pambizo huikuza picha kidogo ili imwagike nje ya ukingo, kwa hivyo hukata zaidi. Kata mwenyewe kwanza, usimwachie printa akuchagulie wa kutoka.

Nije kwenye karatasi, ambayo kwa maoni yangu ina uzito sawa na printa. Zile pakiti za bei nafuu za A4 zinazouzwa kwenye maduka ya vifaa vya ofisi zinaandikwa gramu 180 au 230, na mtu hudhani uzito ndio ubora. Igeuze nyuma. Ukikuta mgongo wake ni kama karatasi ya kawaida, yenye kunywa maji, ujue ni karatasi iliyopakwa ung'avu upande mmoja tu. Hutoa picha ya kupendeza siku ya kwanza, lakini kwenye unyevu wetu hujikunja kama kaimati iliyokosa moto. Karatasi ya picha ya kweli ina utando wa plastiki mbele na nyuma, mgongo wake ni laini kwa kidole, na hulala sawa. Ni ghali zaidi, na ndiyo ya albamu. Ile ya bei nafuu iwe ya majaribio na ya kazi za shule.

Jaribio langu la karatasi halina utaalamu. Picha ikishakaa siku moja, naidondoshea tone la maji pembeni, nangoja dakika moja, nalifuta kwa kitambaa bila kusugua. Kisha naipitisha kidole chenye jasho juu ya buibui. Nyumba zetu hazina baridi ya kiyoyozi kila chumba, na albamu hupita mikononi mwa watu waliotoka kula biriani. Karatasi isiyostahimili kidole haifai, hata rangi zake ziwe za peponi.

Ukichagua karatasi, iambie printa. Kwenye mipangilio kuna mahali pa aina ya karatasi, na hapo ndipo mashine inapojua imwage wino kiasi gani. Karatasi ya kung'aa ikichapwa kwa mpangilio wa karatasi ya kawaida hutoka imefifia na ina mistari. Programu za simu mara nyingi huonyesha machaguo machache, kwa hivyo jaribio la kwanza lifanywe kwenye kompyuta. Pakiti iliyofunguliwa irudishwe ndani ya mfuko wake, uzibwe, na vile vipakiti vya kukausha unyevu vinavyokuja na viatu visitupwe, viweke humo.

Hali ya hewa yetu inamjaribu mwenye printa kwa njia mbili zinazopingana. Unyevu wa masika huilegeza karatasi hadi mashine ivute mbili kwa pamoja, na joto la kaskazi hukausha wino mdomoni mwa vitundu. Printa ya wino ni kama kisima, huharibika kwa kutotumika. Anayetaka kutoa picha za Idi mbili na harusi moja kwa mwaka, ushauri wangu ni asinunue. Mashine italala miezi minne, vitundu vitaziba, ataanza kusafisha hedi, na kila usafishaji humwaga wino kwenye sponji ya taka iliyo chini ya mashine. Sponji hiyo nayo hujaa, na printa hugoma hadi ibadilishwe. Baadhi ya printa mpya zina kisanduku cha taka kinachochopolewa na mwenyewe. Nyingine zinataka fundi. Ni swali la kuulizwa dukani kabla ya kutoa pesa. Kwa mwenye kuinunua, picha moja ndogo yenye rangi zote kila wiki inatosha kuuweka wino ukitembea.

Kosa ninaloliona nyumba nyingi ni la umeme. Watu huizima printa kwenye soketi, kwa hofu ya umeme kupotea na kurudi kwa kishindo. Printa ikizimwa kwa kitufe chake, hedi hurudi pembeni na kufunikwa na kifuniko cha mpira ili isikauke. Ikikatwa umeme katikati ya kazi, hubaki wazi palepale ilipofikia. Zima kwa kitufe, ngoja itulie, ndipo uzime soketi. Umeme ukikatika wakati inachapa, ukirudi tu iwashe ili hedi irudi mahali pake, hata kama huna haja nayo tena siku hiyo.

Pesa. Bei hubadilika kila shehena, kwa hivyo chukua hesabu hii kama mfano na uweke tarakimu zako. Tuseme mashine imekugharimu shilingi 40,000. Tuseme dukani picha ya posta ni shilingi 40, na nyumbani karatasi ni 8, wino 4, na 3 za hasara, yaani picha zilizoharibika na wino wa kusafisha. Jumla 15. Unaokoa shilingi 25 kwa kila picha, na ili urudishe 40,000 yako lazima utoe picha 1,600. Mwenye watoto watatu na harusi moja hazifikii hizo kwa miaka mingi. Akina dada watano wakichanga, au kikundi cha wapambaji, au mwanamke anayepiga picha upande wa wanawake na akataka kuzikabidhi zikiwa tayari bila kupitia kwa mtu, hao hufika haraka. Kwa mtu mmoja, asijidanganye kwamba anaokoa pesa. Analipia faragha, na ana haki ya kuilipia.

Watu huniambia pia picha ya studio ni ya namna nyingine kabisa. Si lazima. Ile ya zamani iliyooshwa kwa dawa bado ipo, lakini studio nyingi duniani zimehamia mashine kavu za wino. Fujifilm na Epson zote zinaziuza. Picha za pasipoti za papo kwa papo nazo mara nyingi hutoka kwenye mashine za utepe wa joto. Hiyo ya dukani unayoisifu yaweza kuwa ni wino kama wako, ila imepangwa na mtu anayejua kazi.

Kuhusu kudumu, makasha huandika miaka mingi. Vipimo vinavyojulikana zaidi ni vya maabara ya Wilhelm Imaging Research ya Marekani, na hupimwa kwa picha iliyo nyuma ya kioo, kwenye joto la nyuzi 24 na unyevu wa asilimia 60. Hebu nionyeshe sebule ya Majengo yenye nyuzi 24 mwezi wa Machi. Huku kwetu joto na unyevu hupita hapo karibu mwaka mzima, kwa hivyo tarakimu ya kwenye kasha ipunguze. Na ni ya wino wa kampuni kwenye karatasi ya kampuni. Wino wa chupa kubwa usio na jina hauhesabiki humo. Kinachoua picha ya wino ulioyeyuka ni mwanga na hewa yenyewe. Kwenye albamu iliyofungwa huishi maradufu ya ile iliyobandikwa ukutani bila kioo, ikielekea dirisha. Ya kutundika, iache ikauke siku nzima kabla ya kuiweka kwenye fremu, na iwekewe pambizo la kadi ili uso wake usigusane na kioo, kwani unyevu ukiingia huganda nacho na haitoki nzima. Albamu zenye gundi kwenye kurasa na plastiki ya kunata uziache madukani.

Faragha yenyewe inataka kulindwa hata ukiwa na mashine nyumbani. Ukiunganisha printa na Wi-Fi, weka nenosiri, na zima ile njia ya wazi inayomruhusu jirani kutuma kazi. Picha mbovu zichanwe vipande, zisitupwe nzima jaani. Printa au kompyuta ikienda kwa fundi, ondoa kadi na flashi kwanza.

Siku ya kwenda dukani, chukua flashi yenye faili lako la majaribio na karatasi mbili za picha utakazozitumia kweli, kwa sababu ile picha ya kasuku wanayoitundika dukani ilitolewa kiwandani kwa karatasi usiyoijua. Mwombe muuzaji atoe jaribio la vitundu kwanza, kisha A4 yako kwa ubora wa juu. Huchukua dakika kadhaa, atakuwa na haraka, nawe kaa. Akikataa, liko duka jingine barabara ileile. Faili hilo la dukani lisiwe na uso wa mwanamke wa nyumbani kwenu. Kwa zile nyuso nne tumia za wanaume na watoto wa kiume, na buibui lipigwe picha likiwa limetundikwa kwenye kiango.